Hatua Thelathini na Mbili

Juni 6, Jumatatu

Daftari hili lilikuwa la mume wangu Sjur. Kurasa mbili za mwanzo zina mchoro wa reki ya nyasi ambayo hakuwahi kuitengeneza. Nimeziacha zilivyo, nikaanzia ya tatu.

Naandika kwa sababu jirani yangu Aslak ameniambia niandike. Anasema afisa wa ardhi huuliza mambo madogomadogo: ulipanda lini, ulivuna lini, ulilala wapi. Mtu akibabaika huambiwa arudi mwakani, na mwakani anakuta mwingine kapiga hema shambani mwake. Septemba natimiza miaka mitano juu ya ekari hizi mia moja na sitini. Nikithibitisha kwamba nimeishi juu yake na kuilima muda wote huo, serikali inanipa, ni zangu. Nisipothibitisha, sisi ni watu watatu wenye ng'ombe wanne katikati ya Dakota, basi: mimi Gunhild, binti yangu Liv wa miaka minane, na mama mkwe wangu Guro, ambaye hana pengine pa kwenda na hunikumbusha hivyo kila Jumapili.

Sheria inataka mashahidi wawili wanaonijua hapa tangu mwanzo. Tulifika kaya kumi na mbili, sote kutoka Norwe. Nzige wa mwaka wa kwanza waliondoa saba, baridi ya mwaka wa pili ikaondoa mbili, na kwangu ikamchukua Sjur kwa homa ya kifua. Waliobaki ni Aslak, ninayempenda, na Torsten Lien, nisiyempenda.

Juni 9

Torsten amekuja kuteka maji.

Kisima chake kilitoa maji ya chumvi chungu, hata ng'ombe huyanusa na kugeuka. Chetu alikichimba Sjur wiki tatu, kwa koleo moja, na maji yake ni matamu. Kwa hiyo Torsten huja. Nimemwekea masharti: asije kabla wanyama wangu hawajanywa, asizidishe ndoo mbili, asisimame kupiga soga. Hufika kwenye kona ya zizi, huvua kofia na kusema, "Mke wa Sjur, naomba maji." Miaka mitatu Sjur yuko kaburini, na bado mimi ni mke wa Sjur. Hata jina langu halijui, au hataki kulitumia.

Juni 12, Jumapili

Aslak ametusomea mahubiri kutoka kitabu cha baba yake. Marefu. Torsten alikaa karibu na mlango na hakuimba.

Mama Guro amenidokeza njiani: "Mwenye macho haambiwi tazama. Kapera hatembei nusu maili kila siku kwa ajili ya maji tu."

"Anakuja kwa sababu ana kiu, mama."

"Na wewe una ekari mia na sitini. Kiu ziko za namna nyingi."

Nilicheka, lakini neno lenyewe limenikaa.

Juni 20

Hakuna mvua.

Juni 21

Hakuna mvua. Liv ameshonewa gauni kutoka mfuko wa unga. Anasema linanuka mkate na kwamba hilo si baya.

Juni 28

Upepo wa moto kutoka kusini, siku ya tatu. Mtu akitoka nje anahisi kama kafungua mlango wa tanuri. Ngano imefika magotini tu na tayari inataka kutoa masuke, kama msichana anayeolewa kabla ya kukua. Ndani ya nyumba kuna ubaridi kidogo. Watu wa mjini huzicheka nyumba zetu za mabonge ya udongo na nyasi, lakini waje siku kama ya leo tuone nani atacheka.

Julai 3, Jumapili

Nimeona kitu ambacho sikukipenda. Asubuhi, baada ya kujaza ndoo zake, Torsten hakurudi kwa njia yake. Alikwenda kati ya nyumba na zizi, mahali ambapo nyasi ni ndefu, akasimama akitazama chini. Akasogeza nyasi kwa kiatu. Akatazama nyumba yangu, halafu shamba lake, halafu tena nyumba yangu. Kisha akabeba ndoo zake na kwenda.

Anapima. Nani asiyejua mtu anayepima anavyosimama? Yeye alijiandikisha kabla yetu, akathibitisha shamba lake mwezi wa Mei, hati anayo sandukuni. Mwenye hati hushiba lini? Mwanamke peke yake, bibi kizee na mtoto: anasubiri tushindwe. Na ndiye huyohuyo atakayeniapia mbele ya afisa. Kikulacho ki nguoni mwako.

Julai 4

Waamerika wanasherehekea nchi yao. Sisi tumepalilia viazi.

Julai 19

Tumeanza kuvuna mapema, kabla upepo haujamaliza kilichobaki. Alfajiri Torsten alikuja na mashine yake ya kukatia ngano na farasi wake wawili. Sikumwita.

"Sina cha kukulipa," nikamwambia.

"Sikuuliza."

"Sipendi kufanyiwa hisani."

"Si hisani. Nakunywa maji yako."

Tumevuna siku nzima bila kusemezana. Liv alikaa naye juu ya mashine na alicheka mara nyingi kuliko alivyocheka nyumbani mwezi mzima. Jioni nilimuuliza walikuwa wakicheka nini. Akasema, "Torsten anaweza kutikisa masikio yake bila kuyashika." Mama Guro akasema huo ni ujuzi mkubwa na kwamba wanaume wengine hawana hata huo.

Julai 23

Mavuno yamekwisha. Theluthi moja ya mwaka jana. Sina la kuandika zaidi.

Agosti 8

Kijito kimekauka kabisa, kuna matope tu yenye nyayo za ndege. Kamba ya kisima nimeiunga mara ya pili.

Torsten alikuja na ndoo nne. Akavua kofia. "Mke wa Sjur, naomba maji. Leo naomba nne. Ndama wangu wako hali mbaya."

Nikamwambia, "Mbili."

Alisimama. Niliona shingo yake ikiwa nyekundu. Nikasema, "Ndoo inatoka na mchanga chini. Nina mtoto. Mbili." Ndivyo ilivyokuwa, sikusema uongo. Lakini niandike na hili, kwa kuwa hakuna anayesoma: nilijisikia vizuri kusema "mbili". Tangu Sjur afe nimeambiwa mengi na watu wengi, na mimi sikuwa na mtu wa kumwambia neno likawa sheria.

Alijaza mbili, akazibeba zile tupu begani, akasema asante.

Agosti 11

Ndama wake wawili wamekufa. Aslak ndiye aliyeniambia. Leo Torsten hakuja.

Agosti 12

Hakuja.

Agosti 13

Amekuja. "Mke wa Sjur, naomba maji." Nikamwambia achukue anavyotaka. Akachukua mbili.

Agosti 20

Mvua saa nzima! Mama Guro alitoka nje bila kitambaa akasimama mdomo wazi kama kinda. Umechelewa, akamwambia Mungu, lakini karibu.

Agosti 25

Tangazo langu la kuthibitisha shamba limetoka gazetini. Aslak kaleta nakala. Jina langu, nambari ya shamba, tarehe, na mashahidi. Septemba 13, saa nne asubuhi. Nimelisoma mpaka Liv akaniuliza kama ni hadithi.

Agosti 29, Jumatatu

Lazima niandike taratibu, jambo kwa jambo.

Ng'ombe wamekula nyasi hadi mizizi kati ya nyumba na zizi. Saa tano Liv alikuja mbio: "Mama, nimepata kaburi dogo! Lina mashimo manne!" Nikaenda. Si kaburi. Ni kichuguu cha udongo kimefika magotini, kina shimo kila upande, na katikati kigingi kilichochongwa nambari. Ndivyo wapima ardhi wa serikali wanavyoweka alama kwenye pembe za mashamba. Nilikwenda kutoa karatasi za Sjur, nikalinganisha nambari moja baada ya nyingine, mara nne.

Ni pembe yangu. Mpaka unapita kutoka pale moja kwa moja hadi kigingi cha Aslak kule magharibi. Zizi liko upande wangu. Shamba lote liko upande wangu. Nyumba na kisima viko upande wa Torsten. Kutoka mpakani hadi mlangoni kwangu ni hatua thelathini na mbili.

Najua zilitoka wapi. Tulipofika, nyasi zilitufika kiunoni na vigingi havikuonekana. Kila mtu alipima kwa gurudumu: unafunga kitambaa kwenye gurudumu la nyuma la gari la ng'ombe, unaanzia kigingi kinachojulikana, mmoja anaongoza ng'ombe na mwingine anahesabu kitambaa kinavyopanda na kushuka. Mizunguko mia tatu sabini na saba ni maili moja. Sjur aliongoza. Mimi nilihesabu. Katikati ya maili ya mwisho Liv, wakati ule ana miaka mitatu, aliangukia chini ya benchi la gari akapasuka mdomo, nikamwokota, na nilipotazama tena kitambaa sikujua nimefika ngapi. Mia mbili na kumi? Au mia mbili na kumi na sita? Sjur aliuliza, "Ngapi?" Alikuwa amechoka na mvua ilikuwa inakuja. Nikataja nambari kwa sauti ya mtu anayeijua.

Mizunguko sita. Mzunguko mmoja ni hatua tano na kitu. Sikumwambia Sjur kamwe. Alijenga nyumba pale niliposema, akachimba kisima pale niliposema.

Na afisa atauliza: umeishi juu ya ardhi hii miaka mitano? Sijaishi juu yake hata usiku mmoja.

Agosti 30

Nimemwambia mama Guro. Aliweka sufuria chini.

"Nani mwingine anajua?"

"Liv anadhani ni kaburi."

"Basi ni kaburi. Chukua jembe ukalifukie."

"Nitaapa, mama. Kwa jina la Mungu."

"Mungu alikuwepo siku ya gurudumu. Kama alitaka hesabu sahihi angemshika mtoto." Kisha akasema kwa sauti nyingine: "Wenyeji waliokuwa hapa kabla yetu walitolewa bila mtu kuwauliza mpaka wao uko wapi. Mahali walipowasha moto wao tunapalima kila mwaka, mawe yake ninayo kwenye jiko langu. Wewe unalilia hatua thelathini?"

"Thelathini na mbili," nikasema.

Septemba 1

Nimekwenda na jembe. Nilifukia shimo moja. Nikashika kigingi, kikatikisika. Mchana mweupe, hapakuwa na mtu. Kisha nikamwona Torsten anakuja na ndoo zake kutoka mbali, mdogo kama kidole, na nikajikuta nimesimama mbele ya kichuguu nimetandaza sketi kama kuku aliyekalia mayai.

Alisimama mahali pake. Kofia mkononi. "Mke wa Sjur, naomba maji."

Nilisema ndiyo kwa kichwa. Nilimtazama akiteka kwa uangalifu, bila kumwaga, kwenye kisima chake. Mtu huyu nilimpangia zamu nyuma ya ng'ombe wangu. Nilimnyima ndoo mbili na ndama wake wakafa, na maji yalikuwa yake. Alipokwenda nilikaa chini palepale. Nimeona aibu maishani, lakini hii ilikuwa na uzito wa kubebeka kama gunia.

Jioni nilifukua tena shimo.

Septemba 4, Jumapili

Nilitaka kumwambia baada ya mahubiri. Nilimfuata hadi kwa farasi wake. Akageuka, akangoja. Nikamuuliza kwato za farasi wake zinaendeleaje. Akasema zinaendelea vizuri. Nikarudi.

Nikimwambia, ana haki ya kuniondoa kwenye nyumba. Akitaka shamba, atakachofanya ni kunyamaza tu mbele ya afisa. Nisipomwambia, nitapata hati na nitaendelea kumwona akivua kofia kila siku mpaka mmoja wetu afe.

Septemba 11, Jumapili

Tuko njiani, mimi, Aslak na Torsten, katika gari la Aslak. Aslak amesimulia habari za jino lake tangu tulipotoka. Tunalala kwa Wajerumani, wametupa supu ya kabichi. Mara mbili leo nilifungua mdomo. Mara mbili Aslak alidhani nataka kuuliza kuhusu jino.

Septemba 13, Jumanne

Imekwisha. Naandika nikiwa nyumba ya wageni, nitaandika yote.

Afisa ni mtu mwembamba mwenye mafua. Hajui lugha yetu, kwa hiyo Aslak ndiye aliyetafsiri. Niliapa. Akauliza jina, umri, ujane. Nimelima ekari ngapi? Hamsini na tano. Miti? Mipopla ya kijitoni, tisini, iliyopona sitini. Akawa anaandika bila kuinua macho. Kisha Aslak akatafsiri: "Anauliza, nyumba yako iko juu ya shamba hili, na umeishi humo mfululizo miaka mitano?"

Nikasema, "Hapana."

Aslak akanigeukia. "Umechoka. Sema ndiyo."

"Nyumba haiko juu ya shamba langu. Iko juu ya shamba la Torsten, hatua thelathini na mbili. Na kisima pia. Mimi ndiye niliyekosea hesabu ya gurudumu. Mwambie."

"Gunhild, nakusihi. Hilo silitafsiri."

"Litafsiri, Aslak, au nitalisema kwa vidole."

Akalitafsiri, uso wake umeiva kama kiazi kitamu. Kalamu ya afisa ikasimama. Aliuliza nimelijua lini. Nikasema Agosti 29, na daftari hili ninalo. Alipenga kamasi, akafungua kitabu kikubwa, akasoma muda mrefu. Sikuthubutu kumtazama Torsten. Niliangalia buti zake. Zilikuwa zimepakwa mafuta kwa ajili ya siku ile.

Kisha Aslak akatafsiri polepole. Wakubwa waliwahi kuamua hivi: mtu aliyejenga nje ya mpaka kwa kukosea, kwa nia njema, huhesabiwa kuwa aliishi kwake. Aliyejua akaficha, hahesabiwi. Lakini mwenye ardhi ile akilalamika, jambo linakwenda mbele, na huko mbele hakuna anayejua. "Kwa hiyo anamuuliza Torsten. Una malalamiko?"

"Sina."

"Anauliza kama umeelewa. Nyumba na kisima viko kwako."

"Najua viko wapi," Torsten akasema. "Niliuona ule mlima mdogo mwaka wa pili, nyasi zilipoungua. Kigingi kilikuwa kimeoza, nikachonga kingine."

Aslak alisahau kutafsiri. Afisa akagonga meza.

"Mwaka wa pili?" nikasema. Ilinitoka kama kikohozi.

"Wiki mbili baada ya kumzika Sjur."

Afisa aliandika kwa muda mrefu. Aligonga mhuri mara tatu. Hati yenyewe itatoka Washington baada ya miezi mingi, lakini nimethibitisha, akasema, na mwanamke anayesema "hapana" kwenye swali lile hajawahi kumwona tangu aanze kazi. Aslak alilia. Mimi sikulia, nilikuwa nasubiri nifike nje.

Nje Torsten hakuwepo. Alikuwa amekwenda kunywesha farasi.

Septemba 15, Alhamisi

Nyumbani. Liv amelala na hati ya muda chini ya mto, kwa amri ya bibi yake, kana kwamba wezi wa Dakota huja kwa mtoto kwanza.

Leo Aslak alishuka kwake, akatuachia mimi na Torsten gari tumalizie nusu maili. Tulikwenda mpaka bomba la moshi la nyumba yangu likaonekana. Yangu, nasema, kwa mazoea.

Nikamwambia, "Miaka mitatu. Ulivua kofia."

Akaendelea kutazama masikio ya farasi.

"Ulikuja kuniomba maji yako mwenyewe. Nilikuweka nyuma ya ng'ombe. Ndama wako walikufa, Torsten, na ulikuwa na haki ya kuniambia ondoka kisimani pangu. Kwa nini hukusema?"

"Siku ya ndama nilitaka kusema," akajibu. "Nilikuja hadi kwenye zizi nikiwa na maneno tayari, na hayakuwa mazuri. Liv alikuwa nje akanitikisia masikio yake. Nikarudi. Ndiyo maana siku mbili sikuja."

"Na kabla ya hapo?"

Alifikiri. Si mtu wa kusema, na niliona maneno yakimtoka moja moja kama mawe ya shambani.

"Kisima alikichimba Sjur. Mimi nilichimba changu nikapata chumvi. Ardhi ilikuwa yangu, maji hayakuwa." Akaweka hatamu sawa. Kisha akasema, "Halafu ulikuwa umefiwa, unaishi na mama mkwe, mavuno yameliwa na nzige. Kila mtu alikuwa anakupa kitu na kukuonea huruma. Nikaona hakuna hata mmoja anayekuomba. Mtu asipokuwa na kitu cha kumnyima mwenzake, Gunhild, atajuaje kama bado ana nyumba?"

Nilishuka kabla gari halijasimama. Nilikwenda nikamtekea ndoo nne kwa mikono yangu, nikilia waziwazi, na maji yakanimwagikia miguuni nikizibeba hadi kwenye gari alilokaa.